Douglass: Jamaa aliyepigwa kalamu, akawaachia watu wa jangwani darubini

Kuna mabosi ambao ukiwaambia ukweli, kesho unakuta kiti chako kimekaliwa na mtu mwingine. Andrew Ellicott Douglass alifanya kazi na mmoja wao.

Alizaliwa Julai 5, 1867, mjini Windsor, jimbo la Vermont, Marekani. Akiwa kijana aliajiriwa na wanaanga wa Harvard, wakampeleka Arequipa, nchini Peru, kusaidia kuanzisha kituo cha kuangalia nyota. Kazi hiyo ilimfunza kwamba darubini, hata iwe ya bei gani, haiwezi kushinda anga mbaya.

Mwaka wa 1894 akaokotwa na Percival Lowell, tajiri wa Boston aliyeamini kuwa sayari ya Mirihi ina mifereji iliyochimbwa na viumbe wenye akili. Lowell alitaka mahali penye giza na hewa tulivu. Akamtuma Douglass Arizona na darubini ya inchi 6, apime anga mji baada ya mji: Tombstone, Tucson, Tempe, Prescott, Flagstaff. Flagstaff ikashinda, kituo kikajengwa huko.

Shida ilianza Douglass alipojiuliza kama hiyo mifereji ipo kweli. Alitengeneza sayari bandia, akaziweka mbali na kuzitazama kwa darubini. Kumbe jicho lenyewe linaweza kumchorea mtu mistari ambayo haipo! Akamwandikia shemeji ya Lowell, akilalamika kwamba bosi anaamua jibu kwanza kisha anatafuta ushahidi. Habari zikamfikia mwenyewe. Mwaka wa 1901 Douglass akapigwa kalamu. Miaka mingi baadaye vyombo vilifika Mirihi na havikuona mfereji hata mmoja.

Hapo angeweza kuachana na nyota kabisa. Alibaki Flagstaff, akawa hakimu wa mirathi, akafundisha Kihispania. Lakini mwaka wa 1906 akapata kazi Chuo Kikuu cha Arizona mjini Tucson, katikati ya jangwa la Sonora. Anga ilikuwa safi, ila darubini kubwa haikuwepo. Akaanza kuomba pesa, na aliomba kwa miaka kumi hivi. Ilipofika 1916, mama mmoja aitwaye Lavinia Steward akatoa dola 60,000. Vita vya Kwanza vya Dunia vikachelewesha kazi, kwa hivyo darubini ya inchi 36 ilizinduliwa 1923. Ilisimama mahali palipokuwa shamba la mbuni. Ndio, wale ndege.

Wakati huohuo alikuwa na shughuli nyingine. Alitaka kujua kama madoa ya jua, ambayo huongezeka na kupungua kwa mzunguko wa miaka 11 hivi, hubadilisha mvua duniani. Rekodi za mvua za zamani hazikuwepo, basi akaanza kuzisoma kwenye pete za miti: mwaka wa mvua pete nene, mwaka wa ukame pete nyembamba. Kwa njia hiyo, 1929 aliweza kutaja umri wa majengo ya kale ya Wahindi Wekundu, kama Pueblo Bonito. Sayansi hiyo yote ilianzia kwake.

Lakini Tucson nayo ilikuwa inakua. Mwaka wa 1920 ilikuwa na watu 20,000 hivi. Kufikia 1960 walikuwa wamepita 200,000, kila mtaa na taa zake, na nyota zikaanza kufifia juu ya darubini ya mzee.

Ilibidi watafute mlima. Kitt Peak, kilomita 90 hivi kutoka mjini, ni mlima mtakatifu wa watu wa Tohono O'odham. Mwaka wa 1955 wazee wao walialikwa chuoni, wakatazama anga kwa darubini ileile ya inchi 36. Baadaye walikubali kukodisha kilele, na mkataba ukatiwa saini 1958. Wakawabandika wanaanga jina: watu wenye macho marefu.

Douglass aliaga dunia Tucson, Machi 20, 1962, akiwa na miaka 94. Mwaka uliofuata darubini yake ilihamishiwa Kitt Peak. Taa za mjini zilikuwa zimeifukuza.

Hata hivyo, Tucson haikukaa tu ikiangalia. Mwaka wa 1972 ilipitisha sheria ya taa za nje, na siku hizi taa za barabarani hufunikwa juu ili mwanga uanguke chini, na usiku wa manane hupunguzwa. Mji haukurudi gizani. Watu wanatembea na biashara zinaendelea.

Hiyo ndiyo poa ya hii stori. Mwanga unaopaa angani haumsaidii mtu yeyote, na bili yake inalipwa. Kama taa ya geti lenu inamulika mawingu kuliko geti, igeuze iangalie chini. Kisha inua kichwa uone nyota ngapi zimerudi.