Achieng' Oneko: Aliyeshinda rufaa Kapenguria akabaki kizuizini

KATI ya watu sita waliohukumiwa Kapenguria mwaka 1953, akiwamo Jomo Kenyatta, ni mmoja tu aliyefutiwa hatia na mahakama. Huyo ni Ramogi Achieng' Oneko, na ushindi wake haukumpatia hata siku moja ya uhuru.

Oneko alizaliwa mwaka 1920 huko Uyoma, Nyanza, akasoma Maseno, kisha akahariri Ramogi, gazeti la Kijaluo. Alipanda hadi kuwa Katibu Mkuu wa chama cha KAU, na mwaka 1951 alikwenda London na Mbiyu Koinange kudai ardhi ya Waafrika.

Usiku wa kutangazwa hali ya hatari, Oktoba 20, 1952, msako wa viongozi ulianza. Oneko, Kenyatta, Bildad Kaggia, Fred Kubai, Paul Ngei na Kung'u Karumba walishtakiwa kuongoza Mau Mau. Kwa Oneko shtaka hilo lilikuwa la ajabu, kwani hakujua hata Kikuyu, lugha ya viapo vilivyodaiwa kulishwa. Kesi ilipelekwa mbali na Nairobi, mahali ambapo mawakili hawakuwa na pa kulala, wakalazimika kupanga Kitale. Waliongozwa na D. N. Pritt wa Uingereza, ambaye mwaka 1958 angemtetea Julius Nyerere mjini Dar es Salaam. Pamoja naye walikuwapo Chaman Lall kutoka India, A. R. Kapila wa Nairobi na Dudley Thompson, Mjamaika aliyekuwa akifanya uwakili Moshi.

Aprili 8, 1953, Hakimu Ransley Thacker aliwapa wote kifungo cha miaka saba na kazi ngumu.

Ndipo mawakili walipoiomba Mahakama Kuu ifute mwenendo mzima wa kesi. Hoja yao haikugusa hatia. Walisema Thacker aliteuliwa kwa ajili ya Jimbo la Kaskazini, wakati Kapenguria ilikuwa Jimbo la Bonde la Ufa. Ni sawa na hakimu aliyepewa Geita peke yake kuketi Kahama na kumfunga mtu wa Ushetu: hata ushahidi uwe mzito kiasi gani, aliyetoa hukumu hakuwa na mamlaka. Sheria ya kuhoji mambo ya namna hiyo haikuwa ngeni, kwani Kenya na Tanganyika zilitumia kanuni za jinai za India hadi zilipotunga zake mwaka 1930, na mahakama kuu za India hadi leo hufuta mashtaka yanayokwenda kinyume cha haki.

Julai 1953 Mahakama Kuu ilikubali. Furaha ilikuwa fupi. Serikali ilikimbilia Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, ambayo ilitengua uamuzi huo na kurudisha rufaa isikilizwe kwa hoja zilizobaki.

Januari 1954 watano walishindwa. Oneko alifutiwa hatia na kifungo, lakini hakufika nyumbani. Serikali ilimkamata papo hapo kwa amri ya kizuizini, ambayo chini ya hali ya hatari haikuhitaji shtaka wala hakimu. Alipelekwa kambi mbalimbali, ikiwamo ya kisiwa cha Manda karibu na Lamu, akaachiwa mwaka 1961. Mtu aliyeonekana hana hatia alikaa ndani karibu muda uleule wa waliotiwa hatiani.

Baada ya uhuru alikuwa Mbunge wa Nakuru na Waziri wa Habari. Mwaka 1966 alijiuzulu, akamfuata Oginga Odinga katika chama cha KPU, na akapoteza kiti chake. Oktoba 1969, baada ya vurugu na mauaji ya Kisumu wakati wa ziara ya Rais Kenyatta, KPU ilipigwa marufuku na Oneko akawekwa tena kizuizini, safari hii na serikali ya mshtakiwa mwenzake wa Kapenguria. Hakukuwa na kesi ya kuomba ifutwe, kwa sababu hakushtakiwa kwa lolote. Alitoka mwaka 1975.

Mwaka 1992 wananchi wa Rarieda walimrudisha bungeni kwa tiketi ya Ford-Kenya. Alifariki dunia Juni 9, 2007, akiwa wa mwisho kati ya wale sita.