Socrates, Mzee wa Maswali

Socrates alikuwa Mgiriki wa mji wa Athens. Mama yake alikuwa mkunga. Yeye hakuandika kitabu hata kimoja. Kazi yake ilikuwa kuuliza. Aliwauliza majemadari ushujaa ni nini. Aliwauliza wakubwa haki ni nini. Wengi walishindwa kujibu, wakaona haya mbele ya vijana. Je, unafikiri walimpenda?

Mwaka 399 kabla ya Kristo alishtakiwa kwamba anapotosha vijana na haheshimu miungu ya mji. Akahukumiwa kufa. Rafiki zake walitaka kumtorosha gerezani. Akakataa kuvunja sheria. Akanywa sumu, naye ana miaka 70 hivi. Mwanafunzi wake, Plato, aliandika habari zake. Vitabu hivyo vinasomwa hata leo.