Mutesa, Kabaka wa Bara na Kete za Pwani

Kabaka Mutesa wa Kwanza wa Buganda ni katika wafalme wa bara walioandikwa sana. Wazungu waliofika kwake, tangu Speke mwaka 1862 hadi Stanley mwaka 1875, walijaza vitabu kwa habari zake, na wamishonari nao wakaongeza vyao. Katika habari zote hizo watu wa pwani hutajwa pembeni tu, kana kwamba walikuwa wapita njia. Mimi naona maisha ya Mutesa hayaelezeki sawasawa bila ya sisi, na hasa bila ya kitu kimoja kidogo ambacho kila mtoto wa Lamu, wa Mtwapa au wa Unguja amekiokota maji yalipokupwa. Kitu hicho ni kete.

Wako wanaoziita simbi, na wako wanaosema kauri. Ni nyumba ya konokono wa bahari, laini kama kaure, tumbo lake lina ufa wenye meno. Ile iliyoenea zaidi katika miamba yetu ina duara la rangi ya dhahabu mgongoni, mfano wa pete. Kwetu sisi ilikuwa ni kitu cha mchezo, na hata leo tunasema kete za bao ingawa wengi huchezea komwe. Aliyezitaka kwa biashara alingoja bamvua, akaenda mwambani pamoja na wanawake na watoto, kisha akazizika mchangani mpaka nyama ya ndani ikaoza. Aliyewahi kupita karibu na shimo la namna hiyo hahitaji kuelezwa harufu yake. Baadaye zilioshwa, zikaanikwa, zikapimwa kwa jizila kama nafaka.

Kete husafiri mbali. Mimi nimehamia Kiserian, katika Kajiado, chini ya vilima vya Ngong, kwenye barabara iendayo Magadi. Kutoka hapa hadi baharini ni kama kilomita 500, na wenyeji wengi ni watu wa ng'ombe wasio na shughuli na samaki. Hata hivyo utaona kibuyu cha maziwa cha Kimaasai kimefungwa ukanda wa ngozi ulioshonewa kete safu kwa safu. Kwa Wamaasai kete ilikuwa pambo. Lakini ukivuka Bonde la Ufa na kulizunguka ziwa hadi ng'ambo ya pili, ilikuwa fedha, na huko ndiko kwa Mutesa.

Waganda huziita ensimbi. Msikilizaji wa pwani halihitaji kamusi neno hilo.

Kete zilitangulia kufika Buganda kabla ya Mwarabu wa kwanza kuonekana huko. Padri John Roscoe, aliyechapisha kitabu chake juu ya mila za Waganda mwaka 1911, aliambiwa na wazee kwamba ziliingia zama za Kabaka Semakokiro, karne ya 18 ilipokuwa ikimalizika. Kabla yake walitumia ushanga wa buluu, na kabla ya ushanga, visahani vidogo vya pembe za ndovu. Yasemekana zilipokuwa bado ngeni, kete mbili tu zilitosha kumnunua mwanamke. Sijui kama tulichukulie neno hilo kwa hesabu au kwa mshangao, lakini linaonyesha jinsi kitu cha mbali kilivyotukuzwa.

Mgeni wa kwanza wa Kiislamu anayejulikana kwa jina ni Sheikh Ahmed bin Ibrahim, aliyefika mwaka 1844 kwa Kabaka Suna wa Pili, babake Mutesa. Kila msomaji wa historia ya Uislamu Uganda amekisikia kisa chake. Suna alipoamuru watu wachinjwe, Sheikh alisimama mbele ya baraza akamkumbusha kwamba hao ni viumbe vya Mwenyezi Mungu, naye ndiye aliyempa ufalme. Suna, ambaye hakuna aliyethubutu kumpinga, alistaajabu kusikia kwamba yuko aliye juu yake.

Suna alifariki mwaka 1856. Alikuwa akimpenda mwanawe Kiyemba arithi kiti, lakini Katikiro Kayira akamteua kijana mwingine, mwembamba na asiyetarajiwa na wengi, akidhani atamwongoza apendavyo. Kijana huyo aliitwa Mukabya, maana yake mwenye kuliza watu. Ndiye Mutesa. Katikiro alikosea hesabu yake. Miaka sita baadaye Speke alipofika na kumzawadia bunduki, Mutesa alimpa mtumishi mdogo mojawapo akaijaribu kwa kumpiga mtu nje ya ua, na mtoto akarudi akifurahi kwamba imefanya kazi.

Sasa tuangalie soko lake. Kwa bei alizozikuta Roscoe, ng'ombe alikwenda kwa kete 2,500, mbuzi 500, na kuku 25. Zilitobolewa mgongoni na kutungwa uzi, mia mia, ili zisihesabiwe moja moja. Hebu tupige hesabu. Kete elfu moja zina uzito wa kilo moja na zaidi. Mpagazi hubeba kama kilo thelathini. Basi mtu mzima mwenye nguvu, aliyetoka Bagamoyo akapita Tabora na Karagwe kwa miezi mingi ya miguu, alifika kwa Mutesa na kete elfu ishirini hivi, yaani ng'ombe wanane. Njiani alikula, alilipiwa hongo kwa kila mtemi, na pengine aliugua. Thamani ya kete basi haikutoka baharini, ambako haikuwa na bei ya kusemwa. Ilitoka katika miguu ya mpagazi. Ndiyo sababu misafara ilipendelea kubeba nguo, bunduki na baruti, vitu vyenye faida zaidi kwa uzito ule ule, na kete zikaingia kidogo kidogo bila ya kuifurika nchi.

Ukitaka kujua ingekuwaje zingalikuwa nyingi, tazama upande wa pili wa Afrika. Katika miaka ya 1840 mfanyibiashara wa Hamburg, Adolph Jacob Hertz, aligundua kwamba kete za pwani yetu zaweza kupokewa Afrika Magharibi. Nyumba ya O'Swald, ya Hamburg vile vile, ilifungua duka lake Unguja mwaka 1849. Merikebu zikapakia kete kama mchanga, maelfu ya tani, zikazunguka Rasi ya Tumaini Jema hadi Lagos na Ouidah kununua mafuta ya mawese. Merikebu hailishwi njiani. Haukupita muda mrefu kete zikawa hazina maana huko, na aliyekuwa na akiba ya maisha yake katika magunia akaiona ikiyeyuka. Jina la fedha ya Ghana ya leo, sedi, latokana na kete hizo hizo.

Kwa Mutesa merikebu haikuweza kupanda mlima. Naye aliulinda mlango kwa njia zake. Wageni wa pwani walitakiwa wakae karibu na jumba lake, hawakuruhusiwa kuzunguka nchi wakinunua wapendapo. Biashara kubwa ya pembe ilipitia mikononi mwake, na aliyetaka kuuza alianza kwa zawadi. Alituma wajumbe hadi Unguja kwa Sultani, akawa na mitumbwi mikubwa ziwani ya kuwavusha wageni aliowataka na kuwazuia asiowataka.

Kuna bei moja ambayo sikuitaja hapo juu, na si haki kuipita. Katika orodha ile ile ya Roscoe, mtumwa mwanamume alikuwa sawa na ng'ombe mmoja. Mwanamke alizidi, ng'ombe wanne au watano. Majeshi ya Mutesa yaliingia Busoga na Bunyoro mara kwa mara, na mateka waliorudi nao, wake kwa watoto, ndio waliogawiwa wakuu na ndio waliouzwa kwa wafanyibiashara wetu kwa nguo na bunduki. Msafara uliopeleka msahafu Buganda ndio uliorudi na watu waliofungwa shingo. Sisi wa pwani hupenda kusimulia safari ya kwenda, na kuinyamazia ya kurudi.

Na msahafu ulifika kweli. Mwaka 1867 Mutesa alianza kufunga Ramadhani, akafunga kwa muda wa miaka kumi hivi, na raia wake wakaamriwa kufunga. Alijenga msikiti, akasoma Kiarabu na Kiswahili, akahimiza watu wasalimiane kwa salamu ya Kiislamu. Jambo moja lilimshinda, nalo ni kutahiriwa, maana mila ya Buganda ilikataza damu ya Kabaka kumwagika. Mwenyewe alitaka kuongoza sala hivyo hivyo.

Hapo ndipo msiba ulipozuka. Khedive wa Misri alikuwa akilinyemelea ziwa kutoka kaskazini, na wanavyuoni waliofika kutoka upande huo wakawaeleza vijana wa jumba la Kabaka kwamba asiyetahiriwa hafai kuwa imamu, na kwamba hata kibla cha msikiti kimepotoka. Vijana waliamini walichofundishwa. Wakakataa kusali nyuma ya mfalme wao, na wakakataa nyama iliyochinjwa na wachinjaji wake. Mutesa aliona uasi. Mnamo mwaka 1875 hadi 1876 Waislamu wapatao sabini walichomwa moto Namugongo. Hii ni miaka kumi kabla ya wale mashahidi wa Kikristo ambao dunia nzima huwakumbuka kila tarehe 3 Juni, mahali hapo hapo. Wengi wa hawa wa mwanzo hata majina yao hayakuandikwa.

Wakati huo huo Stanley akamkuta Mutesa yuko tayari kuwaita wamishonari, na barua ya kuwaita ikachapishwa London mwaka 1875. Waprotestanti walifika mwaka 1877, Wakatoliki mwaka 1879. Wengi wamemwita kigeugeu kwa hayo. Mimi naona alikuwa akifanya kwa dini kama alivyofanya kwa biashara, yaani hakutaka mgeni mmoja awe peke yake mlangoni. Alipowaogopa Wamisri aliwavuta Wazungu, na Wazungu walipomchosha aliwarudia Waarabu. Katika miaka ishirini na minane ya utawala wake hakuna taifa la nje lililoweza kuichukua nchi yake, jambo ambalo mwanawe Mwanga hakulimudu.

Aliugua kwa miaka mingi, akafa mwezi wa Oktoba 1884. Desturi ilikuwa kuukata utaya wa Kabaka aliyekufa, ukapambwa na kuwekwa katika hekalu lake. Mutesa alizikwa mzima, wa kwanza kuzikwa hivyo, jumbani mwake Kasubi. Athari ya walimu wetu katika hilo haifichiki. Kaburi lake liliwekwa na UNESCO katika urithi wa dunia mwaka 2001. Jengo lake kubwa la nyasi liliteketea usiku wa tarehe 16 Machi 2010, kisha likajengwa upya.

Baada yake mlango ulifunguka. Vikafuata vita vya dini vya mwaka 1888 na baadaye, Kalema Mwislamu akatawala kwa muda mfupi, kisha Waingereza wakaingia. Nduguye Mutesa, Nuhu Mbogo, ndiye aliyebaki kiongozi wa Waislamu wa Buganda hadi alipofariki mwaka 1921. Mapatano ya mwaka 1900 yakaweka kodi ya nyumba ya rupia tatu. Mwanzoni watu walilipa kwa walichokuwa nacho, wakiwemo wenye kete zao za mia mia. Lakini reli ilikuwa ikikaribia ziwa, ikafika Kisumu mwezi wa Desemba 1901, na serikali ilielewa vizuri kwamba gari la moshi halili njiani, kama vile merikebu ya Hamburg. Gunia lililomchosha mpagazi miezi mingi sasa lingefika kwa siku chache. Mwaka 1901 serikali ikakataa kuzipokea kete katika kodi.

Aliyekuwa na mbuzi kumi katika nyuzi za kete ukutani mwake aliamka akiwa na mapambo. Rupia ndiyo iliyotakiwa, na rupia ilipatikana kwa kwenda kumfanyia kazi mwenye nayo. Kete zilizobaki zilikwenda kwa waganga na kwa washona mikanda. Mganda akitaja fedha kwa lugha yake, iwe ya noti au ya benki, bado husema ensimbi.