Aga Khan wa Tatu na hospitali ambayo hakuiona ikifunguliwa

Tangu Februari 2025, alipofariki Aga Khan wa Nne kule Lisbon, watu wengi wa Pwani wameandika juu yake, na wameandika vizuri. Mimi leo namrudia babu yake, Sultan Muhammad Shah, Aga Khan wa Tatu, aliyelala Aswan, Misri, mahali pale pale alipokwenda kuzikwa mjukuu wake.

Nina sababu yangu. Kazi yangu ya visima na mabwawa ya mchanga imeniweka kwa miaka kadhaa kati ya Kitui na Makueni. Huku jina la Aga Khan husikika nyumba ikiwa na mgonjwa mahututi. Akishindikana Mutomo au Wote, hutafutwa gari la kumpeleka Nairobi, na kabla gari halijawashwa moto watu huulizana: Kenyatta au Aga Khan? Wanaojua bei hunyamaza. Basi nikaona ni vyema tumjue mzee mwenyewe ambaye jina lake limebandikwa kwenye mlango huo.

Alizaliwa Karachi tarehe 2 Novemba 1877. Baba yake alifariki mwaka 1885, na mtoto ambaye hata miaka minane hajatimiza akawa Imamu wa Maismaili. Aliyemlea na kusimamia mambo yake ni mama yake, mwanamke wa ukoo wa kifalme wa Uajemi. Sisi Mashafii tuna tofauti zetu na Maismaili katika itikadi, na hayo nawaachia masheikh. Ninachokitazama hapa ni mtu na kazi aliyoiacha.

Mwaka 1899, akiwa kijana wa miaka 21, alifika Afrika Mashariki kwa mara ya kwanza. Wafuasi wake, Makhoja waliotoka Kutch na Kathiawar, walikuwa wameshajenga maisha Zanzibar na Mombasa, wengi wao kwa biashara ndogo. Mwaka huo huo reli ya kutoka Mombasa iliingia Nairobi, baada ya kupita Mtito Andei, Kibwezi na Makindu, nchi ambayo leo ni Makueni. Mwaka uliotangulia Sayyid Hamoud wa Zanzibar alikuwa amekuja kuitazama reli ikijengwa, na kituo alichofika kikapewa jina lake: Sultan Hamud. (Nimewauliza vijana wa pale mara kadhaa huyo sultani ni nani. Bado natafuta anayejua.) Nyuma ya reli yakafuata maduka ya Wahindi. Mwenye maduka mengi kuliko wote, Allidina Visram, yule ambaye shule yetu ya Mombasa imebeba jina lake, alikuwa Ismaili.

Wafuasi wa kijana huyu walikuwa, basi, watu wa duka, waliotawanyika vituo na vituo, mbali na daktari na mbali na shule. Mwaka 1905 aliwawekea kanuni zao za kujiendesha, zilizotangazwa Zanzibar: mabaraza, viongozi, hesabu. Mambo makavu, lakini bila hesabu hakuna hospitali. Shule zikaanza, na katika hilo la elimu alishikilia sana habari ya watoto wa kike. Aliwasisitizia wazazi kwamba mwenye uwezo wa kusomesha mtoto mmoja tu, na anao wa kiume na wa kike, amsomeshe wa kike. Wakati huo wapo wazee wa Pwani, na wa kwingine pia, ambao maneno hayo yangewakosesha usingizi.

Siasa zake za dunia nazipitia haraka. Alikuwa rais wa kwanza wa Muslim League ya India, alichangisha fedha nyingi ili chuo cha Aligarh kiwe chuo kikuu, na mwaka 1937 aliongoza Baraza la Umoja wa Mataifa wa zamani kule Geneva. Farasi wake walishinda Derby ya Uingereza mara tano. Alipenda maisha ya Ulaya na hakuyaficha, na waliomsema kwa hilo walikuwepo.

Linalokumbukwa zaidi ni mzani. Tarehe 1 Machi 1937, mjini Nairobi, alipimwa kwa dhahabu kuadhimisha miaka 50 ya uimamu wake. Tarehe 10 Agosti 1946, Dar es Salaam, akapimwa kwa almasi, naye alikuwa mtu wa ratili zaidi ya 240. Picha zilienea dunia nzima, na hadi leo kuna watu kwetu wanaosimulia kama kwamba alibeba sanduku akaondoka nalo. Almasi zile zilikuwa za kuazimwa. Kilichokuwa cha kweli ni thamani yake, ambayo wafuasi walikuwa wameichanga, tajiri kwa chake na mwenye kibanda kwa chake, naye akawarudishia iwe mtaji wa jamaa. Katika mwaka ule wa dhahabu ilianzishwa Mombasa kampuni ya bima ya Jubilee. Katika ile almasi ukatoka mfuko wa mikopo ya nyumba na biashara, ambao ndio shina la benki ya Diamond Trust. Wengi wetu tunapita mbele ya majengo hayo kila siku bila kukumbuka kwamba majina yake yametoka kwenye mzani.

Mombasa ilipata hospitali yake mwaka 1944. Mwaka uliofuata, hapo hapo Mombasa, aliasisi jumuiya ya ustawi wa Waislamu wa Afrika Mashariki, na kwayo alisaidia misikiti na shule za Waislamu wasiokuwa Maismaili. Sharti lake lilikuwa la mfanyabiashara: shilingi mtakayoichanga nami nitaweka shilingi. Pia alikuwa mmoja wa waliotoa fedha za kujenga chuo cha ufundi cha Waislamu cha Mombasa, pamoja na Sultani wa Zanzibar, jamaa wa Bohora na serikali ya kikoloni. Chuo hicho baadaye kikawa Mombasa Polytechnic, na sasa ni Chuo Kikuu cha Ufundi. Diploma yangu ni ya pale. Mambo ya kupima ardhi na kuzuia maji nilijifunza humo, kwa hiyo siandiki kama mtu wa kando.

Ile ya Nairobi ndiyo iliyokuja mwisho. Ilipewa jina la jubilei yake ya platinamu, ya miaka 70. Nairobi ya siku zile iligawa hata wagonjwa: Mzungu na hospitali yake, Mwafrika na yake. Hii iliwekwa iwe wazi kwa watu wa kila rangi. Mzee hakuiona. Alifariki Versoix, karibu na Geneva, tarehe 11 Julai 1957, akiwa ameandika wosia uliomruka mwanawe Aly na kumpa uimamu mjukuu, Karim, kijana wa miaka 20 aliyekuwa bado mwanafunzi wa Harvard. Karim ndiye aliyeifungua mwaka 1958. Katika muongo wa kwanza wa karne hii ikawa hospitali ya kufundishia ya Chuo Kikuu cha Aga Khan, na madaktari wakaanza kusomea ubingwa humo.

Hapa ndipo penye uzito. Hospitali isiyogawana faida si hospitali ya bure. Mashine hununuliwa, daktari bingwa hulipwa, na bili humfikia mtu. Upo mfuko wa kuwasaidia wasiojiweza, lakini wafugaji ninaokutana nao njia ya Kibwezi hadi Mutomo huuza ng'ombe kwanza ndipo waulize. Nimeona kikundi cha simu kikifunguliwa kumchangia mgonjwa asubuhi, na jioni kikageuzwa cha mazishi.

Makueni walijaribu njia nyingine. Mwaka 2016, chini ya Gavana Kivutha Kibwana, kaunti ilianza mpango wa kila nyumba kulipa shilingi 500 kwa mwaka na kutibiwa katika hospitali za kaunti. Kwangu mimi huo ni mzani ule ule wa Dar es Salaam, bila almasi na bila wapiga picha: wengi wanatoa kidogo kabla ya kuugua. Tofauti ni kwamba Maismaili wamefanya hivyo vizazi na vizazi, na vitabu vya hesabu havikufungwa kiongozi alipobadilika. Sisi Mombasa tuna mali za wakfu za tangu enzi za mababu, nyumba na viwanja. Ningependa siku moja Tume ya Wakfu ituonyeshe ni vitanda vingapi vya hospitali vimetokana nazo.

Mwaka jana, hospitali moja ya huku, nilizungumza na daktari kijana wa Kikamba aliyesomea ubingwa wake kwenye ile ya Nairobi. Nilimuuliza kwa nini amerudi vumbini. Alicheka, akanionyesha foleni iliyofika hadi chini ya mwembe, akamwita anayefuata.