Tippu Tip, mutu wa kisiwa mwenye alitawala maporomoko yetu

Wandugu wachimbaji, wamama na watoto wanaosoma ukurasa huu pamoja nanyi, leo tunaacha kidogo habari za bei ya almasi na zahabu. Tunarudi nyuma zaidi ya miaka 130, wakati Kisangani ilikuwa inaitwa Stanley Falls na mali yenye watu walitafuta hapa ilikuwa pembe za tembo. Kila mutu wa huku amesikia jina la Tippu Tip. Wengine wanamuita muuzaji wa watumwa, kisha wananyamaza. Wengine, zaidi sana katika jamaa za Waislamu, wanakumbuka kwamba Kiswahili na misikiti viliingia pamoja na watu wake. Yote mbili ni kweli. Lakini sisi watu wa mashimo tuko na jambo lingine la kutazama: yule bwana alishika muto na pori, lakini bei hakuishika hata siku moja.

Jina lake lilikuwa Hamed bin Muhammed el Murjebi. Alizaliwa Unguja karibu na mwaka wa 1837, katika jamaa yenye damu ya Waarabu na ya Waafrika. Unguja ni kisiwa kidogo cha Bahari ya Hindi, lakini ile wakati sultani wake aliogopwa pwani yote, na wafanyabiashara wake walifika Tanganyika na kuipita. Nguvu ya kisiwa hicho haikutoka kwa maaskari wengi. Ilitoka kwa forodha, mikopo na njia za misafara. Kuhusu jina la Tippu Tip, kuna wenye wanasema ni mulio wa bunduki zake, na kuna wenye wanasema ni juu ya macho yake yaliyokuwa yanapepesa kila mara.

Alianza safari za biashara akiwa kijana, kwanza pamoja na baba yake, aliyekuwa na makao Tabora. Tuseme ginsi kazi ilifanyika. Musafiri hakutoka na feza yake. Alikopa nguo, shanga, bunduki na baruti kwa matajiri Wahindi wa Unguja, kama vile Taria Topan, na deni lilipaswa kulipwa kwa pembe. Musafara ukipotea, deni halipotei. Muchimbaji mwenye anapewa chakula, mafuta na motopompe na mwenye shimo, kisha analazimishwa kumuuzia paka yeye, anaelewa hesabu hiyo bila mwalimu.

Mwaka wa 1867 alimushinda Nsama, chifu wa Watabwa, na kupata pembe mingi sana. Mwaka wa 1870 alianza safari nyingine ambayo ilimaliza miaka 12 mbele ya kurudi kisiwani. Kwa Watetela alijitambulisha kuwa mutu wa damu ya ufalme wao, kupitia bibi aliyetekwa zamani, na chifu muzee akamuachia utawala. Kisha Kasongo, kule Maniema, ikakuwa muji wake mukubwa.

Lakini pembe haitembei yenyewe mpaka pwani. Inabebwa na mabega ya watu. Vijiji vilishambuliwa, watu walitekwa, na mara mingi jamaa zao walipaswa kutoa pembe kusudi wawarudishe. Sultani Barghash alikuwa amefunga soko la watumwa la Unguja mwaka wa 1873, sababu Waingereza walimukaza. Huku kwetu ndani, ile karatasi haikuzuia kitu. Kama pembe zilitakiwa, wabebaji nao walitakiwa.

Mwaka wa 1876, Stanley alifika Maniema akitafuta muto wa Lualaba unaenda wapi. Alifanya mapatano na Tippu Tip amusindikize kwa malipo. Waliachana mwezi wa 12, na mwezi wa 1 mwaka wa 1877 Stanley akapita maporomoko yetu na kuendelea mpaka Atlantiki. Ile wakati hakuna mutu aliyeona hatari yake. Muto ukijulikana, mali ingeweza kutoka upande wa magaribi, pasipo kupita Unguja.

Na njo vile ilikuwa. Mwaka wa 1883 Stanley alirudi, safari hii akipanda muto kutoka chini kwa jina la Mufalme Leopold, akaacha kituo kwenye kisiwa kimoja karibu na maporomoko. Mwaka uleule, Barghash alimutuma tena Tippu Tip kusudi ashike inchi hii kwa ajili ya Unguja. Mwaka wa 1885, Ulaya na Marekani zilikuwa zimekwisha kumukubali Leopold kuwa bwana wa Kongo. Hakuna hata Mugenia mumoja aliyeulizwa.

Mwaka wa 1886, mwanamuke mumoja mutumwa alikimbilia kituo cha Wazungu, na wao wakakatala kumurudisha. Watu wa Tippu Tip wakapigana, na kituo kikaungua. Yeye mwenyewe hakukuwa hapa. Sultani alikuwa amemuita. Kufika Unguja, alikuta sultani naye amevuliwa nguo: Waingereza na Wajerumani walikuwa wanagawana bara yake, wakimuachia ukanda wa pwani wenye upana wa maili 10 tu.

Kisiwa cha Unguja hakikuwa peke yake. Katika mwaka uleule wa 1886, wakubwa hao hao wawili walikuwa wamekata mupaka mwingine katika bahari ya Pasifiki, upande wa pili wa dunia, na kugawana visiwa vyenye walikuwa hawajatembelea vyote. Kisiwa cha Nauru kiliangukia kwa Wajerumani, wakakichukua mwaka wa 1888. Nyuma yake ikaonekana kwamba udongo wake umejaa fosfati ya kutengeneza mbolea, na wageni wakaanza kuchimba. Nauru ilipata uhuru mwaka wa 1968, wakati sehemu ya udongo wake ilikuwa imekwisha kupakiwa katika meli. Wachimbaji wa Tshopo wako na wandugu mbali sana.

Turudi Unguja. Mwezi wa 2 mwaka wa 1887, Stanley alikuja na karatasi mupya: Tippu Tip awe wali wa Stanley Falls kwa jina la Leopold, na mushahara wa pauni 30 kwa mwezi. Alikubali. Sultani hakuweza tena kumulinda, na kukatala kungekuwa vita. Walipanda meli, wakazunguka kusini ya Afrika, wakaingia kwa Banana na kupanda muto. Mwezi wa 6 alikuwa tena hapa, chini ya bendera ya wenye walikuwa maadui zake.

Alikuwa ameahidi pia kutoa wabebaji kwa ajili ya kundi lenye Stanley aliacha Yambuya, kwenye muto Aruwimi. Walichelewa karibu mwaka muzima. Katika kambi ya Yambuya watu wengi walikufa kwa njaa, magonjwa na muhogo mukali usiotengenezwa vizuri. Wabebaji walipopatikana na kundi kuondoka, mukubwa wake, Barttelot, alipigwa risasi Banalia mwezi wa 7 mwaka wa 1888, na mubebaji ambaye bibi yake alikuwa anapiga ngoma asubuhi. Yule mubebaji alihukumiwa hapa kwenye maporomoko na kuuawa. Stanley akamutupia wali makosa yote na kumushitaki kule Unguja. Mwaka wa 1890 Tippu Tip akaondoka kwenda kujibu. Mashitaka hayakuendelea, lakini Kisangani hakuiona tena.

Vita ilianza mwaka wa 1892. Mutoto wake Sefu alikufa mwaka wa 1893, na Rashid, mutoto wa ndugu yake mwenye alimuachia kazi ya wali, akakimbia. Ngongo Lutete, aliyepigana zamani kwa ajili ya Tippu Tip, aligeukia upande wa Leopold, na hao hao wakamupiga risasi mwaka wa 1893. Washindi walisema wamekuja kumaliza utumwa. Kisha wakawapeleka wababu zetu katika pori kutafuta mupira kwa fimbo na kwa bunduki.

Yeye alizeekea Unguja, mwenye mashamba na watumwa, katika kisiwa ambacho tangu 1890 kilikuwa chini ya ulinzi wa Waingereza. Aliandika habari za maisha yake kwa Kiswahili, kati ya vitabu vya kwanza vya namna hiyo katika luga yetu. Alikufa mwezi wa 6 mwaka wa 1905. Katika kile kitabu anahesabu pembe kwa frasila, kipimo cha karibu kilo 16, na anakumbuka madeni yake na wenye kumukopesha. Wenye walibeba zile frasila, karibu wote hawana jina.

Hatuandiki haya kwa kumusifu wala kwa kumutukana. Katika makomini yetu, wajukuu wa wenye walishika kamba na wajukuu wa wenye walifungwa kwa kamba ileile wanakaa avenue moja, na wameoana. Wazazi mara mingi hawapendi kusema nani alitoka upande gani, na tunawaelewa. Lakini hesabu ya mukubwa iliandikwa na ya mubebaji haikuandikwa. Njo maana tunawaomba mambo mbili. Muchimbaji, andika katika kaye yako kilo na karati zenye ulitoa, na feza yenye ulipewa, hata kama mwenye mizani ana kaye yake. Na wewe kijana, kama bibi au babu angali hai, muulize leo alizaliwa kijiji gani, na wazazi wake walifikaje hapa, kwa miguu yao ao kwa kamba.