Andrew Watson: Nahodha Aliyesahauliwa

Waulizwapo wapenzi wa kandanda ni nani aliyeutangulia msafara mrefu wa wanasoka weusi katika timu za taifa za Ulaya, wengi hutaja majina ya juzijuzi tu. Wenye kumbukumbu nzuri humtaja Viv Anderson, aliyeivalia Uingereza jezi mwaka wa 1978. Hata hivyo, takriban karne nzima kabla ya Anderson, mtu mweusi alikwisha kuingia uwanjani London akiwa nahodha, tena nahodha wa wapinzani wa Uingereza.

Andrew Watson alizaliwa tarehe 24 Mei 1856 huko Demerara, Guiana ya Uingereza, nchi tuijuayo leo kama Guyana. Baba yake, Peter Miller Watson, alikuwa Mskoti mwenye mashamba ya miwa. Mama yake, Hannah Rose, alikuwa mwanamke wa huko huko. Akiwa bado mtoto, Watson alivushwa bahari pamoja na dadaye Annetta. Alisomea Halifax, kisha London. Baba alipofariki mwaka wa 1869, alimwachia urithi wa kutosha kuishi bila kumpigia mtu magoti. Hapa pana kinaya kisichoweza kufumbiwa macho: jasho la watu weusi katika mashamba ya miwa ndilo lililomfungulia kijana huyu milango ambayo wenzake wa rangi moja hawangethubutu hata kuibisha.

Mnamo 1875 alijiunga na Chuo Kikuu cha Glasgow kusomea hisabati na uhandisi. Hakudumu chuoni zaidi ya mwaka mmoja, lakini Glasgow ilikuwa imekwisha kumteka. Alisakata kabumbu katika klabu ya Parkgrove, ambako pia alikuwa katibu wa mechi, kabla ya kuhamia Queen's Park mwaka wa 1880. Hiyo ndiyo klabu iliyosifika kwa kupigiana pasi fupi fupi, wakati Waingereza walikuwa bado wakiamini kwamba soka ni kukimbia na mpira hadi unyang'anywe. Watson, beki hodari, alitwaa nayo Kombe la Uskoti. Inasimuliwa kwamba mwandishi mmoja wa habari alishughulishwa zaidi na rangi ya viatu vyake, vya kahawia, kuliko na rangi ya ngozi yake.

Tarehe 12 Machi 1881, katika mechi yake ya kwanza kabisa ya kimataifa, Watson aliiongoza Uskoti dhidi ya Uingereza katika uwanja wa Oval. Uskoti ilishinda 6-1. Uingereza haijawahi kufungwa kwa pengo kubwa kuliko hilo nyumbani kwake. Siku mbili baadaye Wales nao walikung'utwa 5-1, na mwaka uliofuata Uingereza ikapigwa tena 5-1 mjini Glasgow. Mechi tatu, mabao 16 kwa 3.

Kisha, ghafla, basi. Mwaka wa 1882 Watson alihamia London, na siku hizo Uskoti haikuwateua wachezaji walioishi nje ya mipaka yake. Alikuwa na umri wa miaka 26 tu! Alizichezea Swifts na Corinthian, na mwaka wa 1884 alikuwemo Corinthian ilipoinyuka Blackburn Rovers, waliokuwa mabingwa wa Kombe la FA, 8-1. Baadaye alifanya kazi ya uhandisi wa mitambo melini. Wanaisimu watatabasamu: neno nahodha lilitufikia kutoka baharini, naye alilichukua kutoka uwanjani akalirudisha huko.

Alifariki kwa nimonia tarehe 8 Machi 1921 huko Kew, London. Kwa miaka mingi heshima yake alipewa Arthur Wharton, mlinda lango mzaliwa wa Gold Coast, ambaye hakuwahi kuchezea timu ya taifa. Watafiti waliomkumbuka Watson nao waliandika kwamba alifia Sydney, Australia, ilhali kaburi lake lilikuwa Richmond, jijini London, likichakaa. Lilikarabatiwa karne moja ilipokaribia kutimia tangu azikwe. Uskoti yenyewe ilisubiri hadi 2004, Nigel Quashie alipoitwa, ndipo mchezaji mwingine mweusi akaivaa jezi aliyoivua Watson.